Mutumishi, Boti Iliyolisha Askari wa Ziwa

Wadogo zangu mnaopanda boti mpya pale Kasenyi,

Hapa Bunia watu wananicheka nikisema mimi ni mstaafu. Jirani yangu, mama wa kuuza mikate, hunipigia kelele kila asubuhi: "Retraitée! Umeamuka?" Na meno yangu yote yapo, na mvi sina hata moja. Lakini ni kweli. Boti ikistaafu, watu wake wanastaafu nayo. Sasa natengeneza jenereta chini ya bati, kando ya barabara inayoteremka kwenda ziwani. Lori za samaki zikipita, nasimamisha spana hewani mpaka harufu iishe, halafu naendelea.

Mmeniomba, kwa mdomo wa Bahati, nahodha wenu ambaye zamani alishika usukani wetu, niwaandikie juu ya Mutumishi. Najua mnachotaka hasa. Mnataka kujua kama ni kweli kwamba Papa Anselme, fundi wetu wa motere, alikataa kushuka kutoka boti iliyokwisha kuvutwa juu ya mchanga, akakaa humo huku wanunuzi wakija kuichungulia. Ni kweli. Na kilichomshusha nilikiona kwa macho yangu. Lakini nikianzia hapo hamtaelewa, mtasema muzee alikuwa amechanganyikiwa. Kwa hiyo nianze na maharagwe.

Nilipoacha sekondari katikati nilikuwa na ndoto moja tu: bahari. Mjomba wangu alikuwa na kalenda yenye picha ya meli nyeupe, na hata mwaka ulipokwisha nilimkataza kuitupa. Siku niliposikia kwamba jeshi la majini linatafuta mpishi wa kiraia kwenye ziwa Albert, nilishona gauni. Jeupe. Nawaambieni bila haya. Nikateremka mlima juu ya lori ya viazi, vumbi likanipaka rangi nyingine njiani, nikafika ufukweni na kuuliza meli iko wapi. Askari mmoja akanionyesha kwa kunyoosha mdomo.

Kilikuwa kitu cha chuma, kifupi na kipana kama nguruwe mwenye mimba, rangi ya kijivu imebambuka mbavuni, vitunguu vimejaa mpaka mlangoni.

"Meli njo hii?" nikasema.

"Njo hii," sauti ikajibu kutoka chini ya sakafu. Kifuniko kikainuka, kikatoka kichwa kidogo chenye mafuta meusi mpaka kwenye nyusi. "Na weye njo mupishi? Kama ni ku harusi unaenda, ulikosea barabara."

Huyo ndiye Papa Anselme. Gauni lile nililifanya matambara ya kufutia mikono kabla mvua za kwanza hazijaja, na yalikuwa matambara mazuri.

Kazi ya Mutumishi haikuwa kupigana. Boti za bunduki zilikuwa nyingine, nyembamba, za haraka. Wageni wakubwa wakija, hizo ndizo zilipigwa picha. Sisi tulikuja nyuma yao na mafuta yao, chumvi yao, sabuni yao, magodoro yao, na mara nyingine jeneza lao. Posti za askari kaskazini mwa ziwa, ambako barabara ipo lakini haipitiki, zilikula tukifika na kulala njaa tusipofika. Ajida, askari wa cheo aliyetuongoza, mtu mwenye tumbo na huruma nyingi, alipenda kusema: "Siye tuko baaskari ya maharagwe. Hakuna mutu atatuimbia. Lakini tukose kufika mara moja tu, mutasikia nyimbo!"

Mutumishi alikuwa na umri kunipita, pengine kumpita ajida pia. Papa Anselme alinisimulia kwamba alikuja kwa vipande juu ya malori, kupitia Komanda, akaunganishwa pale pale ufukweni kama mtu anavyounganisha kitanda. Kwanza alibeba pamba na samaki wa tajiri mmoja. Vita vilipokuja alifichwa ndani ya matete, akakaa huko mpaka ndege wakajenga viota kwenye bomba lake la moshi. Halafu jeshi likamchukua, likampaka kijivu, likaandika namba ambayo hakuna mtu aliyeikumbuka. Wenye boti walibadilika. Motere ilibaki ile ile, na Papa Anselme alibaki yule yule kando yake, tangu alipokuwa kijana wa kuwapitishia mafundi vyombo vya kazi.

Kelele ile ilikuwa imekula masikio yake. Ukimwambia jambo alitazama midomo yako. Lakini motere aliisikia kwa meno. Alikuwa na kijiti cha mti wa kahawa, ncha moja akaiweka juu ya chuma, ncha nyingine akaiuma, akafumba macho. Alikaa hivyo kama mtoto mwenye muwa. Halafu akafumbua jicho moja na kusema, "Ya tatu inalia," na kweli, ukifungua, pistoni ya tatu ndiyo yenye ubaya.

Mimi nilikuwa juu na sufuria. Kupika ndani ya boti si kupika. Sufuria inafungwa kwa waya pande tatu, na usiijaze kupita nusu, kwa sababu ziwa nalo linataka kuonja. Vitunguu vinapakiwa mwisho, mafuta ya taa mbali na unga, na mtu akikuambia hapa kwetu upepo hauji asubuhi, mshukuru, halafu funga sufuria.

Maana siku moja upepo ulikuja asubuhi. Tulikuwa katikati, nchi kavu imekuwa uzi tu wa buluu, na mawimbi yakaanza kutupiga ubavuni. Bahati alikuwa usukanini anaimba nyimbo za kanisa, na Bahati akiimba nyimbo za kanisa ujue hali ni mbaya. Nikasikia Papa Anselme anapiga sakafu kwa spana: njoo. Nikateremka. Maji yalikuwa yamepita vifundo vya miguu. Nikadhani tunazama, nikaanza kumwita mama yangu, ambaye wakati ule alikuwa sokoni Bunia bila habari yoyote.

Papa Anselme hakutafuta tundu ukutani. Aliinama, akatumbukiza kiwiko cha mkono ndani ya maji, vile mama anavyopima maji ya kuogesha mtoto.

"Iko na moto kidogo," akasema. "Haitoke ku ziwa. Inatoka ku motere. Hapana lia. Shika taa."

Bomba la mpira linalopitisha maji ya kupoza motere lilikuwa limepasuka chini, mahali pasipofikiwa na mtu mwenye tumbo. Maji yaliyovutwa ili yaipoze yalikuwa yanamwagika ndani ya boti.

"Leta mupira ya kinga!" akapiga kelele.

"Papa, kinga gani? Baiskeli itoke wapi mu ziwa?"

Akanitazama midomo, akafikiri, akashika kiuno chake. Mkanda wa suruali yake ulikuwa kipande cha mpira wa ndani wa baiskeli. Akauvuta, akaanza kulifunga bomba, na suruali ikaanza safari yake. Nilishika taa kwa mkono mmoja na suruali ya Papa Anselme kwa mkono wa pili, na ndivyo nilivyoingia katika kazi ya ufundi.

"Kuko nini huko chini?" ajida akauliza kutoka juu.

"Kuko kazi!" nikajibu.

Tulifika. Askari wa posti walikula maharagwe ambayo hayakuiva, na hakuna aliyelalamika. Kesho yake Papa Anselme akaniambia, "Maharagwe yako iko mabaya sana. Kuja chini, nitakufundisha kazi." Ajida akatafuta mpishi mwingine, nami nikashuka chini ya sakafu, na kwa moyo wangu sijapanda tena mpaka leo.

Alinifundisha kufunga spana kwa kamba kwenye kifundo cha mkono, kwa sababu spana ikianguka chini ya motere imekwenda kwa mababu. Alinifundisha kunusa mafuta kabla ya kuyamimina. Alinifundisha kuuma kijiti. Mwanzo nilisikia ngurumo tu, na udenda ukinitiririka. Baada ya siku nyingi ngurumo ikaachana, nikaanza kusikia kila pistoni na mwendo wake, kama unavyojua hatua za watu wa nyumbani kwako bila kuwaona.

Jioni tukipumzika nilimwambia ndoto zangu. Nilikuwa nimesikia kwamba maji ya ziwa letu yanaondoka upande wa kaskazini, yanakuwa mto mkubwa, yanakwenda mpaka Misri na baharini. "Papa, tukiacha kugeuka pale ku posti, tukiendelea tu, tutafika?"

"Tutafika," akasema bila kucheka. "Lakini nani atarudisha magunia ya jeshi?"

Hakuwahi kunicheka kwa hilo. Ndiyo maana nilimpenda.

Sasa nifike pale mnapopataka. Ndani ya Mutumishi kulikuwa na desturi ambayo nyinyi hamna, maana boti yenu ina ufunguo: aliyeiwasha motere ndiye anayeizima. Sababu yake ni ya kazi. Aliyeiwasha anajua amefungua robine zipi, zile koki za maji na mafuta, na amelegeza nini. Mwingine akizima bila kujua, maji yanarudi ndani. Lakini kwa miaka ilikwisha kuwa zaidi ya kazi. Safari ilikuwa ya yule aliyeiwasha, na haikuisha mpaka mkono wake uimalize. Mara moja mkubwa fulani alitoa hotuba nzima ufukweni huku motere ikinguruma, hakuna aliyesikia neno, kwa sababu Papa Anselme alikuwa amekwenda kununua tumbaku. Ajida alisimama kwa saluti, jasho likimtoka, wala hakutuma mtu kuizima. Tulipiga makofi sana. Mkubwa alifurahi.

Safari ya mwisho hatukujua kuwa ni ya mwisho. Papa Anselme aliiwasha asubuhi, tukapeleka unga, tukageuka. Njiani malaria ikamwangusha. Tulipogusa mchanga wa Kasenyi, Bahati alimbeba mgongoni kwenda naye zahanati, nami nyuma na begi lake. Ufukweni walikuwa wanatungoja mafundi waliotumwa kukagua boti, vijana wenye adabu, wasiojua lolote juu ya desturi yetu. Walipanda. Tulikuwa hatujafika kwenye vibanda vya samaki niliposikia kimya nyuma yangu.

Na yule kiziwi, na homa yake yote, akageuza kichwa juu ya bega la Bahati.

"Nani anazima?"

Bahati akaongeza mwendo.

Ukaguzi ulisema bamba za chini zimekuwa nyembamba kama sahani. Mutumishi akavutwa juu ya mchanga kwa kamba, na sisi tukapewa karatasi na asante. Nilipanda Bunia. Papa Anselme alipopona, binti yake alimtandikia chumba hapa mjini, kizuri, chenye dirisha. Hakuja. Alichukua mkeka na sufuria, akaingia ndani ya boti.

Ajida alinipigia simu. "Espe, weye njo anakusikia. Umutoshe pale, ashuke. Wanunuzi wanamuogopa."

Nikateremka na sombe, majani ya muhogo aliyopika binti yake. Nikamkuta amekaa kwenye kiti chake kando ya motere, ameifunika na shuka kama mgonjwa.

"Papa, batu wanasema unakuwa mulinzi bila mushahara."

"Niliwasha," akasema. "Sijazima. Safari yangu haijaisha. Utashukaje mu boti yenye iko njiani?"

Nilikuja tena, na tena. Kila mara nilimwambia ashuke, na kila mara alipokataa nilifurahi. Nilipenda kuteremka mlima ule na kuona ziwa likifunguka chini, na kujua kuna mtu ndani ya Mutumishi. Yeye akiwemo, boti haijawa chuma tu. Nilikuwa na spana za jenereta mikononi siku nzima na sikio langu liko Kasenyi.

Halafu akaja Kakule. Mfanyabiashara, watu wake wametoka Butembo, yeye ana duka hapa Bunia na shimo la dhahabu Mongbwalu. Shimo lake lilikuwa linajaa maji, akataka motere yetu iendeshe pampu. Alikuwa mtu wa neno moja: iwashwe kwanza aisikie. Ikizunguka, ataing'oa na kuondoka nayo, na mwili wa Mutumishi utakatwa. Ikikataa, basi, haina faida kwake, wala kwa mwingine, na boti itaachwa pale pale ilipo.

Mnaona tulivyokuwa. Motere ikikataa, Mutumishi anabaki.

Bahati ndiye aliyesema. Tulikuwa watatu ndani, Kakule bado nje na ajida na watu wake. "Papa, uache robine moja tu bila kufungua. Moja. Nani atajua?"

Papa Anselme alimtazama midomo mpaka mwisho, halafu akauliza taratibu, "Motere yangu iitwe maiti mbele ya batu, halafu mimi niendelee kulala kando yake?"

Bahati akainamisha kichwa. Mimi nilikuwa upande wa Bahati.

Asubuhi yote aliitayarisha. Alisafisha kichujio kwa kitambaa, akapangusa kila koki, akapaka mafuta mahali ambapo hakuna mnunuzi angeangalia. Kwa kuwa tulikuwa juu ya mchanga na hakuna ziwa la kuvuta, tuliweka pipa la maji kwa ajili ya kuipoza, na kazi yangu ilikuwa kulijaza kwa ndoo. Kakule alileta betri na bido moja, dumu la mafuta. Nilipokuwa nachota maji nilisali, nawaambia vile ilivyokuwa: Mungu, ikatae. Leo tu.

Papa Anselme akaingiza mafuta, akafungua robine zote, moja baada ya nyingine, akizigusa kwa kidole. Akawasha.

Ilikohoa mara moja. Halafu ikashika.

Nilikuwa nimesahau kwamba sauti ile inaingia kwanza miguuni. Bamba za sakafu zikaanza kutetemeka, vikombe vikaanza kugongana jikoni, moshi mweusi ukapanda, ukawa kijivu, ukawa karibu hakuna. Nikaacha ndoo. Papa Anselme alikuwa ameuma kijiti chake, macho yamefumbwa, na uso wake ulikuwa wa mtu anayesomewa barua kutoka kwa mtoto wake wa mbali. Akakitoa, akanipa. "Uma."

Nikauma. Zote zilikuwepo. Zote zilikuwa na mwendo wao, hakuna iliyolia. Nilitamani Kakule aondoke, ajida aondoke, mchanga uondoke, tugeuze pua kaskazini.

Kakule alichungulia kwenye kifuniko, anacheka kama mtoto. "Iko muzima kabisa! Ninaichukua! Papa, aksanti. Zima sasa."

Papa Anselme akaweka mkono kwenye mpini wa kuzimia. Kuizima ndiko alikokuwa anakudai muda wote ule. Mkono ulikaa pale, vidole vikafunga, vikafungua. Halafu akautoa na kuuweka juu ya goti lake.

"Sitaizima," akasema. "Iache inywe mafuta yote."

"Papa! Hewa itaingia mu mabomba!" Kakule akasema.

"Vijana yako wataitosha hiyo hewa huko Mongbwalu. Iko kazi ya mikono tu." Na kwa sauti ya chini zaidi: "Iache, mutoto wangu. Iko na kiu."

Kakule alimtazama, akanitazama mimi. Angeweza kushuka na kuizima mwenyewe, ilikuwa yake. Alivua kofia, akaenda kukaa juu ya mchanga na watu wake.

Nilipopanda kuchungulia nje, sauti ilikuwa imekwisha kufika mbali. Lazima mjue kwamba ajida, tukishamaliza mizigo ya jeshi, alikuwa akiwaruhusu wanawake wa samaki kupanda nasi, na kwa miaka yote hiyo motere yetu ikinguruma ufukweni maana yake ilikuwa moja: tunaondoka. Wakaanza kuja. Wengine walikuja wakikimbia, beseni kichwani, wakiitana majina. Wakafika, wakaona boti juu ya mchanga na kamba zake, wakaona watu wa Kakule na spana zao kubwa, wakaelewa, wakasimama. Hakuna aliyeondoka. Mama mmoja mzee tu, macho yake hayakuwa mazuri, alipita katikati ya wenzake mpaka mbavuni mwa Mutumishi, akatupa gunia lake la samaki wakavu kwenye mchanga wenye maji.

"Tunaenda? Munipangie nafasi kando ya moto, mugongo inauma! Espe, si niko naongea na weye?"

Ajida aligeukia upande wa mlima.

Motere ikapunguza mwendo, ikajitahidi, ikapanda tena kidogo kana kwamba imekumbuka jambo. Ikakohoa. Ikakohoa tena. Halafu tukasikia mawimbi, na watoto wakicheza mbali kule kwenye vibanda.

Papa Anselme alifunga robine, moja baada ya nyingine. Alipanda ngazi, akatoka kwenye jua, akateremka juu ya ubao bila kushikwa na mtu. Akafika kwa yule mama, akainama, akakung'uta mchanga kwenye gunia lake, akaliweka begani.

"Leo hatuende, mama," akasema. "Nitakufikisha ku barabara. Lori inapita."

"Na kesho?"

Sijui kama aliona midomo yake. Alikuwa amekwisha kutangulia, na mama akamfuata nyuma akilalamika juu ya bei ya lori, na mimi nikaingia ndani kukunja mkeka.